Iran, Urusi na kombora lililozaliwa na mkataba uliovunjwa

AGOSTI 22, 2019, siku ambayo Iran huiadhimisha kuwa ni ya viwanda vyake vya ulinzi, Rais wa nchi hiyo wa wakati huo, Hassan Rouhani, alisimama mbele ya malori mazito yaliyobeba makasha marefu ya makombora na kutangaza kuwa mtambo uitwao Bavar-373 umekamilika.

Rouhani alisema mtambo huo una nguvu kuliko S-300 ya Urusi na unaikaribia S-400. Waziri wake wa Ulinzi, Amir Hatami, aliongeza kuwa unaweza kuiona ndege ya adui ikiwa umbali wa zaidi ya kilomita 300, kuilenga kwa uhakika inapofika kilomita 250 hivi, na kuitungua ikiwa kilomita 200.

Neno "bavar" kwa Kiajemi maana yake ni imani. Namba 373 nayo haikuokotwa njiani. Msomaji wa Pwani aliyepita chuoni na kujifunza hesabu ya abjadi, ambamo kila herufi ya Kiarabu ina thamani yake, akijumlisha herufi za "Ya Rasulallah" atapata 373, haizidi wala haipungui. Rada kuu ya mtambo huo inaitwa Meraj, jina ambalo kila Mwislamu analijua, na kombora lake linaitwa Sayyad, yaani mwindaji.

Majina hayo yana fahari yake. Hata hivyo, mtambo huo haukuzaliwa na imani. Ulizaliwa pale imani ya mnunuzi kwa muuzaji ilipovunjika, na kisa hicho kinastahili kuelezwa tangu mwanzo, kwa sababu kinahusu kila nchi inayotegemea saini ya mkubwa ili ilale usingizi.

Itakumbukwa kuwa Septemba 2007 ndege za Israel ziliingia usiku mashariki mwa Syria na kubomoa jengo la Al Kibar, ambalo Shirika la Kimataifa la Nguvu za Atomiki lilisema miaka kadhaa baadaye kuwa kwa uwezekano mkubwa lilikuwa tanuri la nyuklia. Miaka 26 kabla ya hapo, Juni 1981, ndege za nchi hiyo hiyo zilikuwa zimeteketeza tanuri la Osirak nje kidogo ya Baghdad. Tehran, ikiwa na mitambo yake ya kurutubisha urani huko Natanz, haikuhitaji mtabiri wa kuiambia ni nani anayefuata katika orodha.

Wakati huo ulinzi wa anga wa Iran ulikuwa mchanganyiko wa vitu vya zamani. Yalikuwapo makombora ya Hawk yaliyonunuliwa Marekani katika enzi za Shah, na yalikuwapo ya S-200 yenye asili ya Urusi ya Kisovieti. Kombora la S-200 huenda mbali kweli, lakini ni kubwa, linatumia mafuta ya maji, na mtambo wake hujengewa mahali pake kama vile mnara. Adui mwenye picha za satelaiti anajua ulipo kabla hata rubani wake hajapanda ndege.

Ndiyo maana mwishoni mwa mwaka 2007 Iran iliafikiana na Urusi kununua vikosi vitano vya mitambo ya S-300 kwa kiasi cha Dola za Marekani milioni 800 hivi. Sifa kubwa ya S-300 si umbali wake tu. Kila sehemu yake, yaani rada, chumba cha amri na vyombo vya kurushia, imepakiwa juu ya magari, na wataalamu wake wanaeleza kuwa wafanyakazi waliofunzwa wanaweza kuiweka tayari kwa vita katika dakika tano tu tangu gari lisimame. Kinachohama hakipigwi kwa ramani ya jana.

Makombora hayo hayakufika. Mwaka 2008 ulipita, 2009 ukapita. Juni 9, 2010 Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa likapitisha azimio namba 1929 lililozuia Iran kuuziwa aina kadhaa za silaha nzito. Wanasheria walibishana iwapo makombora ya kujilinda dhidi ya ndege yamo katika katazo hilo au hayamo. Ubishi huo ulikatwa na Rais wa Urusi wa wakati huo, Dmitry Medvedev, ambaye Septemba 22, 2010 alitia saini amri iliyoitaja S-300 kwa jina na kupiga marufuku kupelekwa kwake Iran. Mwaka huo huo Moscow na Washington zilikuwa zimetia saini mkataba mpya wa kupunguza silaha zao za nyuklia, na uhusiano wao ulikuwa katika siku zake nzuri.

Iran ilikwenda kwenye usuluhishi wa kimataifa mjini Geneva ikidai fidia ya karibu Dola bilioni nne. Urusi ilijaribu kuituliza kwa kuipa mitambo mingine badala yake, Iran ikakataa. Kesi ikaendelea kuning'inia hadi Aprili 13, 2015, ambapo Rais Vladimir Putin aliiondoa ile marufuku. Zilikuwa zimepita siku 11 tu tangu Iran na mataifa makubwa wakubaliane mjini Lausanne juu ya msingi wa makubaliano ya nyuklia. Mitambo ikaanza kuingia mwaka 2016, na Agosti mwaka huo televisheni ya Iran ikaionyesha ikiwa imewekwa Fordow, mahali ambapo mashine za kurutubisha urani zimefichwa chini ya mlima.

Hesabu hapo ni nyepesi. Silaha iliyonunuliwa kwa tishio la mwaka 2007 ilipokelewa 2016. Kwa maoni ya mwandishi wa makala haya, Moscow haikuwahi kuiangalia S-300 ya Iran kama bidhaa. Ilikuwa karata, na karata nzuri huchezwa mara nyingi: unaahidi kuuza, unazuia, kisha unaruhusu, na kila hatua ina mtu wa kukushukuru. Mteja pekee ndiye anayebaki anaangalia angani.

Katika miaka hiyo ya kungoja ndipo Bavar-373 ilipoanza. Kufikia mwaka 2011 makamanda wa Iran walikuwa wakilitaja jina hilo hadharani, wakiahidi mtambo wa nyumbani utakaoifanya S-300 isihitajike. Wengi nje ya Iran walicheka. Nchi iliyokuwa chini ya vikwazo, isiyouziwa hata vipuri vya ndege za abiria, ingewezaje kutengeneza kitu ambacho duniani kinatengenezwa na mataifa yanayohesabika kwa vidole?

Kicheko hicho hakikuwa na haki. Iran ilikuwa na mazoea ya muda mrefu ya kufungua silaha za wengine, kuzijifunza na kuzitengeneza upya. Kutokana na Hawk ya Marekani ilipatikana Mersad, iliyozinduliwa mwaka 2010. Familia ya makombora ya Sayyad nayo ilikua hatua kwa hatua, kila toleo likienda mbali kuliko lililotangulia. Juni 20, 2019, miezi miwili tu kabla ya uzinduzi wa Bavar, mtambo mwingine wa Kiirani uitwao Khordad ya Tatu uliitungua ndege kubwa ya Marekani isiyo na rubani, aina ya RQ-4, karibu na Mlango Bahari wa Hormuz. Mabaki yake yalionyeshwa mjini Tehran. Hayo hayakuwa maneno ya gwaride.

Bavar yenyewe ilijengwa kwa kuifuata njia ya S-300. Makombora ya Sayyad-4 hukaa ndani ya makasha juu ya lori la ekseli tano liitwalo Zoljanah, jina la farasi wa Imam Hussein huko Karbala. Rada zake hazitegemei antena kuzungushwa ili kuelekeza mwale; mawimbi huelekezwa kwa umeme, hivyo rada moja inaweza kufuatilia ndege nyingi kwa wakati mmoja. Novemba 2022 Iran ilitangaza toleo jipya lenye kombora la Sayyad-4B, ikisema linavuka kilomita 300 na kwamba uwezo wa rada wa kuona umepanda kutoka kilomita 350 hadi 450.

Kwa hiyo katazo la mwaka 2010, lililokusudiwa kuiacha Iran wazi, liliisukuma kujenga kiwanda. Hilo ni kweli na linapaswa kukubaliwa hata na wasioipenda serikali ya Tehran. Swali lililobaki ni kama kiwanda hicho kilijenga ngao au kilijenga kombora tu, kwa sababu vitu hivyo viwili si kimoja.

Tuanze na zile kilomita 300. Dunia ni mviringo, na mawimbi ya rada husafiri karibu na mstari ulionyooka. Rada yenye antena iliyoinuliwa mita 10 kutoka ardhini haitaiona ndege inayoruka mita 60 juu ya ardhi mpaka ndege hiyo iwe imefika kilomita 45 hivi, hata kama rada hiyo imeandikwa kuwa inaona hadi mwisho wa dunia. Na hapo ni katika ardhi tambarare. Iran ina milima ya Zagros upande wote wa magharibi, ambako ndege za adui hutokea.

Eneo la Iran ni takriban kilomita za mraba milioni 1.65. Mtambo wenye uwezo wa kilomita 200 kila upande unafunika, kwa ndege za juu, kilomita za mraba 125,000 na ushei, hivyo mitambo 13 au 14 ingetosha kwa hesabu ya daftari. Lakini kwa ndege za chini, zile za kilomita 45, mtambo huo huo unafunika kilomita za mraba zisizofika 6,400. Hapo ingehitajika mitambo zaidi ya 250, bila kuhesabu mapengo kati ya duara moja na jingine. Hakuna nchi inayonunua mitambo 250 ya aina hiyo. Wanachofanya wenye akili ni kuchanganya mitambo mikubwa na midogo, rada za milimani, ndege zenye rada na wasikilizaji wa ardhini, kisha kuviunganisha vyote vizungumze lugha moja.

Kuna pia suala la ndege zilizoundwa zisionekane kwa urahisi, kama F-35. Hizi hazipotei kabisa kwenye rada. Zinarudisha mwangwi mdogo, na kanuni ya rada inasema ukiupunguza mwangwi mara 10,000, umbali wa kuonekana unapungua mara 10. Yaani ndege ambayo ingeonekana kwa kilomita 300 sasa inaonekana kwa 30, na kwa mwendo wa ndege ya kivita hizo ni chini ya dakika mbili na nusu.

Halafu kuna rada yenyewe. Anayewasha tochi gizani anaona kilicho mbele yake, lakini naye anaonekana na kila aliyejificha humo gizani. Ndiyo maana uwezo wa kuhama una thamani kubwa, na ndiyo maana pia magurudumu peke yake hayatoshi.

Ushahidi wa hilo ni wa zamani. Juni 9, 1982, katika Bonde la Bekaa nchini Lebanon, Israel iliteketeza vikosi 17 kati ya 19 vya makombora ya Syria kwa siku moja. Mengi ya makombora hayo yalikuwa aina ya SA-6, yanayobebwa na magari ya minyororo, yaliyotengenezwa makusudi ili yahame. Wasyria waliyachimbia mahandaki na kuyaacha palepale kwa miezi. Israel ilikuwa imeshayapiga picha kwa ndege zisizo na rubani, na ilijua kila moja lilipolala.

Kinyume chake kilitokea Serbia. Usiku wa Machi 27, 1999 kikosi cha Kanali Zoltán Dani kiliitungua ndege ya Marekani aina ya F-117, iliyosifiwa kuwa haionekani na rada, kwa kutumia S-125, mtambo wa miaka ya 1960 ambao hata kuuhamisha ni kazi ya kutoa jasho. Dani aliwafundisha askari wake kuwasha rada kwa sekunde chache tu, kuzima, na kufungasha haraka kila walipomaliza. Baada ya vita alirudi kijijini kwake akawa mwoka mikate. Wenye mtambo wa kuhama hawakuhama. Mwenye mtambo mzito alihama. Nidhamu hiyo haionekani kwenye gwaride, wala haizinduliwi na rais.

Iran ililipa ada ya somo hilo kwa namna ya kutisha. Alfajiri ya Januari 8, 2020, saa chache baada ya kurusha makombora kwenye kambi za majeshi ya Marekani nchini Iraq kulipiza kisasi cha kuuawa kwa Jenerali Qassem Soleimani, kikosi cha ulinzi wa anga cha Jeshi la Walinzi wa Mapinduzi kilifyatua makombora mawili ya mtambo wa Tor-M1 kuelekea ndege ya abiria ya Ukraine iliyokuwa imetoka tu kuruka uwanja wa ndege wa Tehran. Watu wote 176 waliokuwamo walikufa. Wengi walikuwa Wairani, wakiwamo wanafunzi na familia zilizokuwa njiani kwenda Canada.

Serikali ilikana kwa siku tatu kabla ya kukiri. Taarifa ya Mamlaka ya Usafiri wa Anga ya Iran iliyotolewa baadaye ilieleza jambo ambalo mwandishi huyu hajalisahau: mtambo huo ulikuwa umehamishwa, na baada ya kuhamishwa rada yake haikupangwa upya kwa usahihi kuelekea kaskazini. Kosa lilikuwa la nyuzi 107. Ndege iliyokuwa ikipaa kutoka mjini ikaonekana kama kitu kinachokuja kuupiga mji. Mfyatuaji, kwa mujibu wa taarifa hiyo, hakupata mawasiliano na makao yake ya amri, naye akaamua peke yake.

Mtambo ule haukuwa Bavar, bali wa masafa mafupi na wa kununua. Lakini tatizo halikuwa kombora. Kombora lilifanya kazi yake. Kilichokosekana ni kile kile kinachohitajika ili Bavar iwe ngao: mawasiliano yasiyokatika, mtu aliyefunzwa, na utaratibu unaojua kutofautisha ndege ya harusi na ndege ya vita.

Mtihani wenyewe ulikuja miaka minne baadaye. Aprili 19, 2024 Israel ilipiga rada ya kikosi cha S-300 karibu na Isfahan. Oktoba 26 mwaka huo ilirudi kwa mawimbi kadhaa ya ndege, na maofisa wake wakasema mitambo ya S-300 iliyokuwa imebaki Iran imeteketezwa. Tehran ilisema madhara ni madogo. Vyovyote iwavyo, ile silaha iliyongojewa miaka tisa haikuzuia shambulio.

Juni 13, 2025 ikawa zamu ya vita kamili vya siku 12. Sehemu ya mashambulizi ya kwanza dhidi ya ulinzi wa anga ilitoka ndani ya Iran yenyewe: mawakala wa Israel walikuwa wameingiza ndege ndogo zisizo na rubani na kuzirusha kwenye mitambo kutoka karibu. Dhidi ya mtu aliyejificha kwenye ghala la jirani, kilomita 300 za Sayyad-4B hazina kazi. Katika siku chache ndege za Israel zikawa zinazunguka juu ya Tehran.

Usiku wa kuamkia Juni 22 ndege saba za Marekani aina ya B-2 ziliingia zikaangusha mabomu 14 yenye uzito wa zaidi ya tani 13 kila moja huko Fordow na Natanz, zikatoka. Jenerali Dan Caine wa Marekani alisema mitambo ya Iran haikuonekana kuziona. Iran ilidai kutungua ndege kadhaa za F-35, lakini haikuonyesha hata kipande cha mabaki, tofauti na ilivyofanya mwaka 2019. Ndege zisizo na rubani za Israel ilizitungua kweli, kadhaa. Serikali ya Iran ilisema zaidi ya watu wake 1,000 waliuawa katika siku hizo. Makombora iliyojibu nayo yaliua watu wasiopungua 28 nchini Israel.

Wapo watakaosema kuwa basi Iran ingengoja tu mitambo ya kununua. Hoja hiyo haisimami, kwani iliyonunuliwa ndiyo iliyoteketezwa kwanza. Wala muuzaji hakuja kuitetea. Kosa la Tehran, kwa maoni yangu, lilikuwa kuuhesabu mwaka 2019 kuwa ni mwisho wa kazi, wakati lori lile lilikuwa sehemu rahisi zaidi ya kazi yenyewe. Walipima S-300 kwa kilomita, nao wakajibu kwa kilomita.

Septemba 28, 2025 vikwazo vya Umoja wa Mataifa dhidi ya Iran vilirejeshwa kwa hatua iliyoanzishwa na Uingereza, Ufaransa na Ujerumani. Miongoni mwa maazimio yaliyofufuliwa limo namba 1929, lile lile ambalo mwaka 2010 lilimpa Medvedev sababu ya kuufunga mkataba wa S-300. Safari hii Urusi ilitangaza kuwa hailitambui.